Sinema uwanjani, projekta inajizima

SWALI: Kikundi chetu cha vijana hapa Nyakach huonyesha filamu vijijini kwa jenereta. Picha hutoka hafifu, na projekta hujizima katikati ya filamu. Tufanyeje? – Msomaji, Kisumu

JIBU: Ndugu msomaji, anzeni na jenereta. Projekta ya taa hula takriban wati 300, na spika zenu huenda zikafikia hizo tena. Jenereta ndogo ya kVA 1 hulemewa besi ikipiga, umeme unayumba, projekta inajizima. Tafuteni ya kVA 2, na projekta ipitie kwenye stebilaiza, kifaa cha kutuliza umeme unaoyumba. Jenereta iwekeni mita 30 nyuma ya watazamaji kwa waya wa milimita mraba 2.5; waya mwembamba hupoteza umeme njiani na kupata moto.

Chunguzeni pia kichujio cha hewa cha projekta. Vumbi la uwanjani na sami, wadudu wadogo wa ziwani wanaofuata mwanga, hukiziba, taa inachemka, mashine inajikinga kwa kuzima. Kipigeni brashi kavu kabla ya kila onyesho.

Uhafifu mara nyingi ni haraka tu. Msianze kabla ya saa moja na robo usiku, na picha isizidi upana wa mita 3 kwa projekta ya lumeni (kipimo cha mwangaza) 3,000. Shuka jeupe hupitisha mwanga. Lishoneeni kitambaa cheusi nyuma. Lifungeni kwa mipira ya tyubu ya baiskeli, maana kamba ngumu huchana pindo upepo ukivuma.

Mkimaliza, zimeni projekta, ngojeni feni inyamaze, ndipo mzime jenereta. Wengi huharibu taa hapo.