Akili yangu ikirudi utotoni, ya yule mtoto itakwenda wapi?

Wiki iliyopita nilisimulia kisa cha mvuvi wa Mayungu aliyesinzia ndani ya mtumbwi, akazinduka yuko chuo cha Kurani, ana miaka 7, juzuu iko mbele yake. Kisa hicho nilikitungia nadharia yenye sharti tatu. Akili husafiri bila mwili. Hurudi nyuma tu, tena ndani ya umri wa mwenyewe. Na hukaa huko muda wa maji kujaa hadi kupwa, yaani kama saa 6 na dakika chache, kisha hurejea. Mmeniandikia kwa wingi, na baadhi yenu mna hasira.

*Baba alifanya kazi San Marco. Je, hii ndiyo siri waliyokuwa wakiichunguza Wataliano kule baharini? (Ngomeni)*

Hapana, kaka. Nadharia ni yangu, niliibuni nikingoja kahawa ichemke. Pale San Marco Wataliano walikuwa wakirusha setilaiti. Ile mashuhuri iliruka kutoka jukwaa la hapo kwenu tarehe 12 Desemba 1970, Kenya ikitimiza miaka 7 ya uhuru, ndiyo maana ikaitwa Uhuru. Ilipima miali ya eksirei inayotoka angani, na miongoni mwa vitu ilivyovichunguza ni Cygnus X-1, ambayo leo inakubalika kuwa ni shimo jeusi, yaani kitu chenye mvuto mkali hata mwanga hauponyoki. Hapo ndipo kisa changu kinapopakana na sayansi, kwa sababu karibu na shimo jeusi muda hujikokota. Na si lazima ufike huko. Mwaka 1971 saa za atomiki zilizungushwa dunia nzima kwa ndege za abiria. Zilizokwenda mashariki zilirudi zimechelewa nanosekunde 59 (nanosekunde ni sekunde moja iliyogawanywa mara bilioni), na zilizokwenda magharibi zimetangulia nanosekunde 273, kulinganisha na zile zilizobaki chini. Lakini saa zile zilisafiri na vyuma vyake. Akili kusafiri peke yake hakuna aliyeipima.

*Nikirudi nilipokuwa na miaka 7, akili ya yule mtoto inakwenda wapi? Inatupwa? (Shela, Malindi)*

Dada, umeninyima usingizi. Kumfukuza mtoto kichwani mwake mwenyewe ni dhuluma, kwa hivyo nimeamua wanakaa wote wawili, kama manahodha wawili waliokamata usukani mmoja. Mtazame yule mvuvi pale jamvini. Kidole kiko chini ya mstari, na mtoto anasoma kwa sauti kama wenzake. Mara mtu mzima aliye ndani anakiona kidole: chembamba, kina wino, na lile kovu la ndoana halipo. Anataka kukigeuza akitazame vizuri. Mtoto anataka kuendelea na aya. Mkono unasimama hewani. Mwalimu anagonga meza kwa fimbo: "Wewe! Akili yako iko wapi?"

Nani ajibu hapo, sijui. Nimeandika mwisho wa kisa mara nne na kuufuta mara nne.

*Basi nikirudi Ijumaa iliyopita na matokeo ya mechi zote kichwani, si mkeka wangu utaingia? (Barani)*

Kwa sharti nilizoweka, ungeingia wote. Ila soma jibu linalofuata kabla hujakopa.

*Mimi nasomea baiolojia. Kumbukumbu ni miunganiko ya chembe za ubongo. Akili ikiondoka bila ubongo, inabeba nini? (Lamu, Mkomani)*

Umenishika, mwanangu, wala sina pa kutokea. Mwaka 1953 Mmarekani Henry Molaison alipasuliwa ili atibiwe kifafa, akaondolewa sehemu kubwa ya hipokampasi, yaani ile sehemu ya ubongo inayotunga kumbukumbu mpya, pande zote mbili. Aliishi hadi 2008, na miaka yote hiyo alikuwa akikutana na mtu, akizungumza naye vizuri, na baada ya dakika chache ni kama hajapata kumwona. Kisha mwaka 2007 watafiti wa London wakaeleza jambo lililonishangaza zaidi. Watu walioharibika sehemu hiyohiyo waliombwa wajione wamelala ufukweni, penye mchanga mweupe. Wengi wao walitoa vipande vipande tu visivyoungana. (Sisi hapa tunafungua mlango tu.) Ina maana nyama ileile inayotukumbusha jana ndiyo inayotuchorea kesho.

Sasa mrudishe yule mvuvi. Amefika kwenye ubongo wa mtoto wa miaka 7, na miunganiko ya miaka 40 iliyofuata bado haijafanyika. Ndoana haikumbuki, mke hamkumbuki, hata kwamba amesafiri hakumbuki. Ataisoma aya ileile na kucharazwa fimbo ileile kama mara ya kwanza. Na saa 6 zikiisha atarejea mtumbwini bila habari. Pengine amekwenda mara mia. Pengine wewe unayesoma hapa umetoka mwaka 2060 na muda wako unakaribia kwisha. Nadharia yangu haina njia ya kulikanusha hilo. Ndiyo sababu si sayansi, maana haiachi mlango wowote wa kukosolewa. Kwa hadithi inatosha sana. Kwa mkeka, pole Barani.

*Nilipoingia magofu ya Gede mara ya kwanza, nilihisi nimeshapita pale. Je, akili yangu ilisafiri? (Watamu)*

Kwa sharti ya pili haiwezekani, mama. Gede ilihamwa mamia ya miaka kabla hujazaliwa. Hisia yako lakini ni ya kweli, na watu wengi hupatwa nayo, hasa vijana: ubongo unatoa alama ya "hapa napajua" bila kumbukumbu yoyote nyuma yake. Ikikujia mara moja moja usijali. Ikiwa mara kwa mara, nawe unazubaa au unapoteza fahamu kidogo, mwone daktari, kwani baadhi ya kifafa huanza hivyo.

*Mzee wangu ananiita kwa jina la marehemu ndugu yake, na kila jioni anauliza kama jahazi la Faza limeingia. Nilisoma kisa chako nikalia. Yeye amesafiri? (Lamu, Langoni)*

La, dada yangu, na nisamehe kwa machozi hayo. Huo huwa ni ugonjwa: kumbukumbu mpya ndizo hutangulia kupotea, za zamani zikabaki nyuma, akaishi ndani yake. Mpeleke hospitali apimwe damu, kwa sababu wakati mwingine kuchanganyikiwa kwa mzee hutokana na maambukizi, tezi ya shingo au upungufu wa vitamini B12, na hayo yanatibika. Nyumbani usibishane naye, wala usimpe habari ya msiba wa ndugu yake kila siku, maana kila siku atausikia upya. Akikuuliza jahazi, mwambie upepo bado haujakaa sawa. Muulize limebeba nini, na nahodha ni nani.