Baridi na kiu ndani ya Ziwa Kivu: ushauri kwa wazamiaji wapya

Karibu kila kijana anayejiunga nasi hapa Bukavu hutumbukiza mguu kando ya boti siku ya kwanza na kuniambia: "Yaya (ndivyo tunavyomwita mkubwa wetu hapa), maji haya hayana baridi." Mguu wake haumdanganyi. Maji ya juu ya Ziwa Kivu huwa na joto la nyuzi 23 hadi 25 za Selsiasi karibu mwaka mzima, na mtu anayeoga dakika kumi hutoka akiwa amechangamka. Sisi hatuendi kuoga. Tunakaa chini dakika 40 au zaidi, tunapumzika kidogo, kisha tunarudi, na mwili uliotulia majini bila vazi huhitaji maji ya nyuzi 33 au zaidi ili usipoteze joto lake. Maji huondoa joto mwilini kwa kasi inayokaribia mara 25 ya hewa, kwa hiyo pengo hilo la nyuzi kumi hufanya kazi yake kimyakimya tangu dakika ya kwanza. Maji ya barafu humshtua mtu akatoka mbio. Haya yetu humwacha aendelee na kazi.

Kiangazi kimoja nilikuwa na kijana mmoja, tukifunga mnyororo wa boya kwenye nanga yake, katika kina cha mita 14. Mzamo wa kwanza ulikwenda vizuri. Mapumziko tuliyakalia juu ya boti tukiwa bado na mavazi yenye maji, upepo wa ziwani ukitupiga, na hakuna aliyekuwa amekunywa kitu tangu chai ya asubuhi. Katika mzamo wa pili nilimwona akihangaika na parafujo ya pingu ya mnyororo. Vidole vilikuwa juu ya chuma lakini havikuzungusha. Alijaribu mara nne, kisha akaibana kwa viganja vyote viwili, kama mtu aliyevaa glavu nene. Nilimpa ishara ya kuuliza hewa iliyobaki. Alinitazama, akaitazama parafujo, akairudia. Nilikishika mwenyewe kipimo chake, nikakuta mshale umeingia kwenye eneo jekundu. Tulipanda salama, naye akasisitiza juu ya boti kwamba hakuwa amehisi baridi. Nilipaswa kuikatiza kazi mapema zaidi, na tangu siku hiyo ninatazama mikono ya mwenzangu kabla ya kutazama uso wake.

Ili kulinda moyo na viungo vya ndani, mwili hubana mishipa ya mikono na miguu, na hivyo vidole ndivyo hupoteza nguvu na wepesi mwanzoni. Kutetemeka hufuata, na hewa hutumika haraka zaidi. Umakini nao hupungua, bila mwenyewe kutambua kwamba anawaza polepole. Madaktari huita hali ya hatari pale joto la ndani linaposhuka chini ya nyuzi 35, lakini mzamiaji huwa hatarini mapema kuliko hapo, kwa sababu asiyeweza kufungua kifungo cha mkanda wake hawezi kujiokoa. Kwa hiyo ukitetemeka, mzamo umekwisha, hata kama imebaki parafujo moja.

Msitegemee vazi la mpira kupita kiasi. Joto hulindwa na viputo vya gesi vilivyomo ndani ya mpira, na viputo hivyo husinyaa kwa mgandamizo. Ziwa letu liko mita 1,460 hivi juu ya usawa wa bahari, ambako mgandamizo wa hewa ni pungufu kwa karibu asilimia 15, na kwa hiyo mtu anayeshuka mita 10 hapa hufikia mgandamizo unaozidi mara mbili ya ule aliouacha juu. Vazi lililokutosha ufukweni huwa jembamba kule unakofanyia kazi. Urefu huohuo wa mahali ndio sababu majedwali ya kuzama, yanayoonyesha muda wa kukaa chini na namna ya kupanda salama, yaliyoandikwa kwa ajili ya bahari hayatumiki hapa bila kurekebishwa.

Kiu ni jambo ambalo wageni hulipuuza zaidi. Mtu anapoingia majini, mgandamizo husukuma damu kutoka miguuni kwenda kifuani. Moyo hupokea damu nyingi kuliko kawaida, mwili hudhani una maji ya ziada, na figo huyatoa. Baridi huongeza hali hiyo kwa kubana mishipa ya ngozi. Hewa ya chupa nayo ni kavu sana, na kila pumzi hubeba unyevu wa mapafu yako. Mnapotoka mkiwa mmekojoa na kukauka hivyo, mgandamizo wa maji huacha kuibana miguu ghafla, damu hushuka, na mtu huweza kuishiwa nguvu akiwa bado kwenye ngazi ya boti. Nimewahi kumshika mkono mwenzangu akiwa kwenye ngazi, macho yake yakiwa wazi lakini hayaoni.

Najua wengi wenu hamnywi maji makusudi, ili msikojoe ndani ya vazi. Niwaambie kwa uwazi: kojoeni, kisha lisafisheni vazi vizuri. Hakuna aibu. Anzeni kunywa tangu jana yake, kidogo kidogo, mpaka mkojo uwe mweupe au wa manjano hafifu. Bia na kasiksi, pombe yetu ya ndizi, za usiku uliotangulia huharibu maandalizi hayo. Maji ya ziwa msiyanywe bila kutibiwa, kwa sababu kipindupindu si hadithi kwetu. Chukueni bidoni ya maji yaliyochemshwa au yenye klorini. Kwa siku ndefu ya jua, mimi huchanganya lita moja ya maji safi, vijiko vidogo sita vya sukari na nusu kijiko cha chumvi.

Baridi na kiu hukutana katika naitrojeni, gesi iliyo nyingi zaidi katika hewa tunayovuta. Chini, mkifanya kazi mkiwa na joto, damu huisambaza gesi hiyo mwilini kwa wingi. Mkipanda mkiwa mmepoa, mishipa imebana na gesi haitoki inavyopaswa, na damu iliyopungukiwa maji haisaidii. Utafiti wa Jeshi la Maji la Marekani uliotolewa mwaka 2007 ulionyesha kwamba waliofanya kazi wakiwa na joto kisha wakapanda wakiwa na baridi waliugua ugonjwa wa mapovu, yaani ule unaotokea naitrojeni inapofanya mapovu mwilini wakati wa kupanda, zaidi kuliko waliofanya kinyume chake. Maji yaliyoitwa ya baridi katika utafiti huo yalikuwa na nyuzi 27, yaani yenye joto kuliko ya Kivu.

Baada ya mzamo, vueni vazi mara moja, jikausheni, vaeni koti zito na kofia, kama wavuvi wa sambaza wanavyojifunika usiku. Kunyweni chai vuguvugu yenye sukari. Msikimbilie maji ya moto, kwa kuwa joto la ghafla huweza kuchochea mapovu. Kazi nzito baada ya mzamo nayo huweza kuyachochea, na kwa kuwa hapa Bukavu kila njia ya kutoka ufukweni ni mlima, chupa za hewa zipandishwe na wale ambao hawakuzama siku hiyo.