Ametia saini, sasa anataka atolewe kwenye filamu

SWALI: Natengeneza filamu yangu ya kwanza, kwa fedha zangu mwenyewe, juu ya familia zinazolazimishwa kuhama kwenye ardhi yao. Mama mmoja alikubali kurekodiwa na akatia saini fomu. Juzi amenipigia, anataka kipande chake nikitoe. Ndicho roho ya filamu, na siku ya mwisho ya kuipeleka tamashani imekaribia. Si alishakubali?

JIBU: Kama hataki, kitoe, ndugu yangu. Ila kwanza nenda ukakae naye, bila kamera, umwonyeshe kipande chenyewe. Huenda kinachomtia hofu si chote.

Niliwahi kumrekodi mama aliyefukuzwa kazi kwa kudai mshahara wake. Miezi minne baadaye nikampelekea nakala ya awali, tukaitazama kwenye kompyuta, tumeketi kitandani kwake. Alipojiona analia, hakusema kitu. Ilipofika pale anapokunja nguo za mwanawe, akagusa kioo kwa kidole: "Hii sare." Nembo ya shule ilikuwa inasomeka. Picha ile nilikuwa nimeitazama mara nyingi mno nikihangaikia mwanga wa dirishani, na nembo sikuiona hata siku moja. Waliomfukuza wangeiona mara moja. Machozi akayaacha yabaki. Nilikata sekunde kumi na moja tu.

Fomu inakulinda wewe. Yeye haimlindi na hao wanaotaka ardhi yake. Tena alitia saini wakati ambapo si yeye wala wewe mliyejua filamu itakuwaje. Ikishaonyeshwa, wewe unaondoka; yeye anabaki palepale, na watu walewale.

Hili si jambo geni. Mwaka 1967, katika kisiwa cha Fogo nchini Kanada, wavuvi walikuwa wakishinikizwa na serikali wahame. Colin Low, wa Bodi ya Taifa ya Filamu, alipowarekodi aliwarudishia picha wazitazame wao kwanza, na walikuwa na kauli juu ya kipi kionyeshwe kwingine. Wakazi walibaki kisiwani, wakaunda ushirika wao wa uvuvi. Sidai ni kazi ya filamu peke yake, lakini kuwasikiliza hakukuzipunguzia nguvu.

Akikubali abaki bila kuonekana uso, angalia na sauti. Jirani humtambua mtu kwa sauti kabla hajamwona. Mtu mwingine anaweza kuyasoma maneno yake, mwenyewe akiridhia. Na filamu ijayo, waambie watu tangu siku ya kwanza mpaka lini wanaweza kujitoa.

Tamasha litakuja tena. Mpigie leo, muulize lini ana nafasi, uende na kompyuta iliyojaa chaji. Usimwonyeshe kwenye simu: kwenye kioo kidogo hata nembo ile isingeonekana.