Kwa mnaoanza kazi Nairobi: maisha ya wenzenu kwenye simu

Ninyi mnaoanza kazi Nairobi mwezi huu, iwe kwa mkataba au kwa posho ya mafunzo, mtaonywa kuhusu kodi ya nyumba, nauli inayopanda mvua ikinyesha, na simu kunyakuliwa dirishani mwa matatu. Yote ni kweli. Ila vijana wengi ninaowaona wakikwama mwezi wa tatu au wa nne, pesa yao imeishia katika kufukuzana na wenzao wanaowaona kwenye simu.

Kuna jambo hufanyika sana hapa. Vijana sita wanachanga, wanakodi nyumba yenye bwawa Kilimani kwa usiku mmoja. Kila mmoja anakuja na nguo mbili tatu za kubadilisha. Wa kwanza anaposti Jumamosi akiwa kando ya maji. Jumanne mwingine anaweka yake ya roshani, taa za jiji zikiwaka nyuma. Ya tatu inatoka mwisho wa mwezi. Wewe uko Kahawa West, umeshuka matatu saa mbili usiku, unasonga ugali wa mtu mmoja, na kichwani umeshahesabu wenzako watatu waliofanikiwa. Hakuna aliyesema uongo, lakini mchango hauonekani kwenye picha.

Mwaka wa kwanza kazini ndio unaouma zaidi, na sababu yake inajulikana. Mwanasaikolojia wa Marekani, Leon Festinger, aliandika mwaka 1954 kwamba mtu akikosa kipimo cha wazi cha kujijua, hujipima kwa wenzake. Chuoni mlikuwa na alama kila muhula. Ofisini hakuna mtihani, bosi anaweza kukaa miezi bila kukwambia neno, basi unabaki kujilinganisha na wale mliohitimu nao.

Kwa hiyo tafuteni kipimo kingine mapema. Kila mwisho wa mwezi mwombe msimamizi wako dakika kumi, umuulize ni nini umefanya vizuri na ni nini urekebishe. Wengi hufurahi kuulizwa. Kisha mtafute mwenzako mmoja mkubwa, yule mnayeheshimiana naye, umuulize alianza na mshahara gani, aliishi wapi, alinunua godoro lini. Naliamini sana hili. Majibu yake yatakupa hesabu kamili ya maisha ya mtu mmoja, pamoja na madeni, kitu ambacho stetasi haitakupa kamwe.

Simu yenyewe nayo ina mtego wake. Picha zinazofutika baada ya saa 24, ambazo Instagram ilianza nazo mwaka 2016 na WhatsApp ikafuata 2017, zinakufanya uchungulie kila mara usipitwe. Wanyamazishe wale wanaokuumiza moyo. Hawataarifiwa, na urafiki hauvunjiki.

Sasa mialiko ya Ijumaa. Hapa ndipo inapoingia Fuliza, mkopo wa papo hapo wa M-Pesa, maana tangu 2019 ukipungukiwa unaweza kulipa tu kama kawaida. Ada inaongezeka, na mshahara ukiingia kwenye M-Pesa deni linakatwa kabla hujaupangia. Jizoezeni kusema, bila kujieleza sana, "Mwezi huu sitaweza, nialikeni ujao." Anayekupenda hatakuuliza mara mbili.

Lakini msijifungie ndani. Utafiti uliochapishwa 2012 kuhusu wanafunzi wa chuo kikuu kule Utah, Marekani, uliona kuwa waliokaa sana Facebook walielekea kuamini wengine wana furaha kuliko wao, na waliotoka zaidi na marafiki ana kwa ana hawakuamini hivyo sana. Kwa hiyo yule mliyesoma naye, ambaye picha zake zinakukosesha usingizi, mpigie mkutane mjini saa ya chakula, chai na chapati kibandani. Muulize kazi inaendaje, na umwambie yako inavyoenda, kodi na yote.