Je, anayeediti naye aandikwe jina?

SWALI: Shikamoo mama. Naediti video hapa Mikindani. Mwenye kamera ameniletea saa sita za picha: kinamama wanabangua korosho, mafundi wanakalafati madau. Anataka dakika 15, muziki mwanzo mpaka mwisho na mtu wa kusoma maelezo, eti sauti za pale ni makelele. Jina litakalotokea ni lake peke yake. Nidai langu, au nitaonekana mjuaji?
Kijana, Mikindani

JIBU: Marahaba mwanangu. Dai, na udai kabla hujamkabidhi kazi. Mimi nilianza Ligula, Mtwara, na deki mbili za VHS, unacheza huku unarekodi kule, ukikosea unarudia. Kanda za harusi nilizokesha nazo zilitoka na jina la mpiga picha tu. Iliniuma, na bado inaniuma.

Alikuwepo Mskoti mmoja, mhariri wa filamu, Stewart McAllister, aliyezaliwa 1914 akasomea sanaa Glasgow, kisha akaingia kitengo cha filamu cha posta ya Uingereza. Mwaka 1942, katikati ya vita, yeye na mwongozaji Humphrey Jennings walitoa filamu ya Listen to Britain, dakika 20 hivi. Ndani yake hakuna msomaji wa maelezo. Unasikia treni, mashine, ndege, watu wakiimba. Kuna mahali waimbaji wawili wanatumbuiza kantini ya kiwanda, wafanyakazi wanakula huku wakipiga miluzi. Wimbo unaishia kwenye noti ambayo muziki wa Mozart unaipokea palepale, na tayari uko National Gallery, London, Myra Hess yuko kwenye piano. Kantini na jumba la sanaa vimeungwa kwa sikio! Hapo kamera haikufanya kitu, ni mtu aliyekaa mezani na mkasi.

Filamu hiyo inawataja wote wawili, Jennings na McAllister, kwa uongozaji na kwa uhariri. Hata hivyo sifa nyingi zilimwendea Jennings. McAllister alifariki 1962, na ilipofika 1983 ndipo mhariri mwenzake, Dai Vaughan, akatoa kitabu kizima juu ya kazi yake, akimwita mtu asiyeonekana.

Sasa hayo "makelele" yako. Tafuta mama mmoja anayegonga korosho kwa mwendo ule ule, tak, tak, bila kuinua macho. Usimwekee muziki. Mwache agonge mpaka mtazamaji amzoee, kisha sauti yake iendelee huku picha imeshahamia pwani, kwenye nyundo ya fundi anayeshindilia pamba kwenye mbao za dau. Mapigo yasipolingana, sogeza picha, sauti usiiguse.

Mwonyeshe mwenye kamera dakika mbili hizo kwanza, bila maelezo yoyote. Akinyamaza akitazama, hapo hapo mwambie habari ya jina.