Meli Haijui Jumatatu: Maswali Yenu Kuhusu Kazi za Ugavi Nyumbani

Barua za mwezi huu zimekuja na jambo moja katika sura nyingi: kwenye kazi za mizigo, nani anaweza kubaki nyumbani, na yule asiyeweza afanyiwe nini? Nimechagua saba. Majina nimeyaacha, kama mlivyoomba.

Shikamoo kaka. Mimi ni deklarent, yaani mwandaaji wa matamko ya forodha, kwenye kampuni ya uwakala wa forodha. Bosi ametupa siku mbili za kufanya kazi nyumbani, Jumatatu na Ijumaa, sote pamoja. Ijumaa mbili sasa nimeishia kukimbilia bandarini kwa bodaboda saa tisa mchana. Tatizo ni mimi au ratiba? — Mbagala

Marahaba, dada. Ni ratiba. Bosi wako ameazima siku za benki akazileta kwenye meli, na meli haijui Jumatatu wala Ijumaa.

Hebu lifuate kontena moja. Kabla halijafika, kazi yako ni makaratasi: bili ya shehena, ankara, orodha ya vifurushi, kibali cha TBS (shirika la viwango) au TMDA (mamlaka ya dawa na vifaa tiba) kama bidhaa inakihitaji, kisha tamko kwenye mfumo wa forodha, ambalo linaruhusiwa kuingizwa meli ikiwa bado baharini. Hapo unahitaji kiti, kompyuta na bando, basi. Ofisi haikuongezei kitu. Meli ikishafunga gati, mambo yanageuka. Mzigo ukiangukia ukaguzi, lazima awepo mtu pale milango ya kontena inapofunguliwa, amjibu afisa, ahesabu, atafute makuli wa kushusha kinachotakiwa kushushwa. Siku hiyo kuwa Mbagala na kompyuta yako ni sawa na kutokuwepo.

Mwombe bosi agawe siku kwa meli. Mwenye mafaili ya meli ya wiki ijayo akae nyumbani hata siku nne mfululizo. Mwenye meli iliyo gatini awe bandarini, hata ikiwa Jumamosi, kisha arudishiwe siku yake. Hiyo Ijumaa ya wote kuwa nyumbani ndiyo mbaya kuliko zote: kontena lililokosa mtu Ijumaa jioni linaweza kulala hadi Jumatatu, na siku za bure za kuhifadhi mzigo zinaliwa.

Ukitaka hoja ya kumlainisha, mtajie China. Shanghai wametutangulia saa tano. Wakifunga ofisi saa kumi na moja unusu jioni yao, huku ni saa sita unusu mchana. Anayetoka Mbagala alfajiri, akafika mezani Posta saa mbili unusu, akanywa chai, amebakiwa na saa tatu na kitu za kumpata msafirishaji wa huko aachilie bili ya shehena ili mzigo utolewe. Saa alizoziacha kwenye foleni ya barabara ya Kilwa zilikuwa saa za China.

Ila jihadhari na picha za simu. Mwaka mmoja nilikuwa nyumbani, kijana wetu wa uwanjani akanitumia kwa WhatsApp picha ya lakiri, ile kufuli yenye nambari inayofunga mlango wa kontena. Jua lilikuwa limepiga kwenye chuma, nikasoma 6 penye 8. Nambari ya kontena ukiikosea, tarakimu yake ya mwisho ni ya kujihakiki, mfumo unaweza kukukamata papo hapo. Lakiri haina ulinzi huo. Kosa langu lilipita salama salimini hadi getini, lori limeshapakia, utingo ameshafunga minyororo. Tulilala nalo siku tatu. Tangu hapo aliye uwanjani anaisoma nambari kwa sauti, tarakimu moja moja, aliye nyumbani anairudia, ndipo inaandikwa. Picha inabaki kuwa kumbukumbu tu.

Naendesha krini ya gatini. Kuna siku nitaiendesha nikiwa nyumbani? — Tanga

Nyumbani sidhani. Chumbani, tayari. Rotterdam, kwenye kituo cha APM Terminals Maasvlakte II kilichofunguliwa 2015, waendeshaji wa krini za meli hukaa ofisini mbele ya skrini, hawapandi juu. Bado wanaamka na kwenda kazini kama wewe, ila hawashindi wameinamisha shingo kutazama chini kati ya miguu. Shingo yako inajua ninachosema.

Mimi ni mtunza stoo kwenye ghala la bidhaa za dukani. Wenzetu wa manunuzi na mipango wako nyumbani siku tatu kwa wiki. Sisi hatuna hata moja, na tukilalamika tunaambiwa "kazi yenu ndiyo ilivyo". Ni haki? — Vingunguti

Kazi yenu ndiyo ilivyo, kweli. Paleti haisukumwi kwa Zoom. Lakini aliyekujibu hivyo amejibu swali ambalo hukuuliza. Wewe hukuomba kupeleka forklifti nyumbani. Umeona mwenzako amepunguziwa nauli na foleni, wewe hukupunguziwa kitu, na juu ya hapo kazi zake ndogondogo zimekuangukia. Nabashiri bila kuwa mchawi: "Hebu nichungulie rafu ya tatu, yamebaki maboksi mangapi?" Mara ngapi kwa siku? Zamani alikuwa akishuka ngazi kuchungulia mwenyewe.

Anza na hilo. Wiki mbili, andika kwenye daftari kila ombi la kuchungulia, kuskani au kupiga picha, na dakika ulizotumia. Mpelekee meneja daftari, usimpelekee manung'uniko. Mara nyingi dawa yake ni stoo kuhesabu sehemu ndogo ya rafu kila asubuhi na takwimu kuingia kwenye mfumo, ili wa nyumbani asome mwenyewe.

Pili, kama huwezi kupewa mahali, omba muda. Sheria yetu ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inaweka saa 45 za kawaida kwa wiki, na inaruhusu, kwa makubaliano ya maandishi, mtu afanye hadi saa 12 kwa siku, pamoja na muda wa chakula, bila malipo ya ziada, mradi saa za kawaida zisivuke hizo 45 wala siku zisizidi tano. Maana yake stoo inaweza kuwa na watu wa siku nne ndefu na siku tatu za mapumziko. Si kila mtu atazipenda siku hizo, na kwa kazi ya kubeba zinachosha hasa, kwa hiyo iwe kwa anayetaka. Mpunguziwe pia mambo ya ghafla: zamu ibandikwe ukutani wiki mbili kabla. Na wanaoingia usiku waangalie karatasi ya mshahara kama ile asilimia 5 ya saa za usiku imo. Nimeona isiwemo, na hakuna aliyeuliza.

Tatu, na hili naliamini kuliko yote: wa manunuzi waje stoo siku moja kwa mwezi, wapokee lori kwa mikono yao. Anayeagiza katoni 2,000 zifike siku moja na makontena mawili mengine hajawahi kusimama kwenye mlango wa ghala saa nane mchana.

Nina watu tisa wanaofuatilia malori ya Mombasa hadi Kampala wakiwa nyumbani. Nifunge programu ya kupiga picha skrini zao kila dakika kumi? — Nairobi

Hapana, bwana. Utapata picha za ramani, na ramani kuwa wazi haimaanishi kuna anayeitazama. Tena Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 huko kwenu itakutaka ueleze unakusanya nini na kwa sababu gani.

Pima lori. Liliposimama mahali pasipo kituo, mtu wako alijua baada ya dakika ngapi? Mteja aliambiwa kabla hajapiga simu, au alipiga yeye? Lakiri za kielektroniki zitakuonyesha lori limesimama. Kwa nini limesimama, utalijua kwa dereva. Mwaka 2020, malori yalipojipanga kilomita kwa kilomita Malaba yakingoja majibu ya vipimo vya korona, ramani zote zilionyesha kitu kimoja. Waliokuwa na habari ni wale ambao madereva walikuwa wakiwapokelea simu.

Nimeona tangazo la kazi ya kupangia malori ya Marekani mizigo, nikiwa hapahapa Mwanza. Wanataka dola 50 za usajili. Ni kweli au matapeli? — Mwanza

Kazi yenyewe ipo, mdogo wangu. Unatafuta mizigo kwenye masoko ya mtandaoni kama DAT, unabishana bei na dalali wa mizigo, unapokea hati ya kuthibitisha bei, unamwelekeza dereva. Ofisi ya Chicago ikifungua saa mbili asubuhi, huku ni saa kumi na moja jioni wakati wa baridi yao, saa kumi jioni wakati wa joto. Utalala saa tisa usiku. Ongea na wa nyumbani kwako kwanza.

Ila mwajiri anayekudai pesa ili akuajiri, mwache hapohapo.

Kuna mtego mwingine mbaya zaidi. Siku hizi wezi wa shehena kule hawavunji kufuli; wanajifanya kampuni ya usafirishaji, wanachukua mzigo kwa karatasi, unapotea. Wanahitaji sauti nzuri ya kupiga simu, na sauti hiyo inaweza kuwa yako. Kabla ya kuanza, chukua nambari ya usajili ya kampuni, itafute kwenye tovuti ya FMCSA, mamlaka yao ya usalama wa malori, kisha piga simu iliyoandikwa pale, si uliyopewa na aliyekutafuta. Wakisema jitambulishe kwa jina la kampuni nyingine, kata simu.

Na wakikutaka utumie VPN (programu ya kuficha uko wapi mtandaoni), kumbuka TCRA, mamlaka yetu ya mawasiliano, ilitangaza Oktoba 2023 kwamba wanaoitumia wajisajili.

Nafanya kazi nyumbani, mama mkwe anaamini nimeachishwa. Kila saa nne ananituma sokoni. — Morogoro

Mwekee simu ya kazi kwenye spika siku moja, asikie unavyogombana na dereva. Akiendelea kukutuma, nenda. Mkwe ni mkwe. Ila uende saa saba, China wakishafunga.

Intaneti ikikatika, aliye nyumbani anakuwa wa kazi gani? — Arusha

Tarehe 12 Mei 2024 tulilijua jibu. Nyaya mbili za baharini, EASSy na Seacom, zilikatika siku moja, na intaneti ikawa ya kubahatisha kwa siku kadhaa, Tanzania tukiwa miongoni mwa walioumia zaidi. Hata walio ofisini walikaa wakitazamana. Mgao wa umeme uliotangulia miezi michache ulikuwa tofauti: ofisi ina jenereta, nyumbani huna.

Kwa hiyo powabenki ya ruta, laini za mitandao miwili, sawa. Lakini kila jioni kabla ya kufunga kompyuta, chapisha au nakili ukurasa mmoja: makontena yanayotoka kesho, nambari zake, lori, simu ya dereva, simu ya mtu wa getini. Mwenzako wa uwanjani awe na nakala. Siku ile ya Mei, waliokuwa na karatasi hiyo walifanya kazi kwa simu ya kawaida, kwa vocha ya elfu moja.