Maji ya kisima chetu yana chumvi: wanyama watazoea?

SWALI: Daktari, habari za kazi. Mwaka huu mimi na mume wangu tuliacha kazi za mjini tukahamia shambani, mwendo mfupi kutoka baharini. Tuna mbuzi wanane, wawili wana mimba, na kuku thelathini wa mayai. Maji ya kisima yana ladha ya chumvi. Maabara wametuandikia kwamba chumvi zilizoyeyuka ni miligramu 3,400 kwa lita. Mbuzi wanayanywa kwa kusitasita, na kinyesi cha kuku kimekuwa majimaji. Tumeambiwa watazoea. Ni kweli?

JIBU: Mbuzi watazoea. Kuku hawatazoea, na hao ndio ningeanza nao leo.

Kwa mbuzi, kondoo na ng'ombe, maji ya hadi miligramu 3,000 hunyweka, ingawa mnyama mgeni huweza kuharisha siku chache. Kati ya 3,000 na 5,000, mlipo ninyi, huyasusia mwanzoni kisha wakayakubali. Yakipita 5,000, wenye mimba na wanaonyonyesha watafutiwe maji mengine. Yakipita 7,000 ni hatari hata kwa wengine, na zaidi ya 10,000 asipewe mfugo yeyote. Kuku wana figo dhaifu zaidi mbele ya chumvi: wakizidishiwa 3,000 huharisha maji, ukuaji hudorora, maganda ya mayai huwa mepesi, na vifaranga huweza kufa. Matandiko nayo hulowa, hewa ya bandani ikawasha macho, maradhi yakafuata.

Lakini hiyo 3,400 ni ya chupa moja ya siku moja. Chini ya ardhi ya pwani maji matamu huelea juu ya maji ya bahari kwa sababu ni mepesi kidogo. Kwa kukadiria, kila mita 1 ya maji matamu iliyo juu ya usawa wa bahari hubebwa na mita 40 hivi za maji matamu chini ya usawa huo. Ndiyo maana pampu inayovuta kwa nguvu ina madhara: ukishusha maji kidogo tu juu, chumvi hupanda sana kutoka chini. Vuteni kidogo kidogo, mara nyingi, mkijaza tangi. Na tafadhali msichimbe kisima kirefu zaidi mkidhani maji mazuri yako chini. Karibu na bahari, chini ndiko chumvi iliko.

Angalieni pia birika la kunyweshea, maana hapo ndipo watu wengi hukosea. Maji hupaa kwa jua, chumvi hubaki. Birika la 3,400 likipungua hadi nusu bila kumwagwa, mbuzi wanakunywa 6,800, yaani wenye mimba tayari wamevuka mpaka. Liwekeni kivulini, mwage yaliyobaki kila siku na kuosha kabla ya kujaza. Kuchemsha hakusaidii, kunazidisha. Dawa ya kuua vijidudu na kitambaa cha kuchujia haviondoi chumvi.

Kama mnawapa jiwe la chumvi la kulamba, mbuzi wakishapata chumvi kwenye maji wataliacha, na madini mengine yaliyomo watayakosa. Wapeni madini yasiyo na chumvi nyingi, yachanganywe kwenye chakula.

Kinachonitia hofu zaidi kuliko namba yoyote ni kiu. Tangi likikauka mkiwa safarini, mnyama akakaa siku nzima bila maji, chumvi hujaa mwilini hadi kwenye ubongo. Akirudishiwa maji akanywa mengi kwa mkupuo, maji huingia ubongoni nao ukavimba. Utamwona haoni, anazunguka, anagandamiza kichwa ukutani, au ana degedege. Nguruwe ndio huathirika upesi zaidi, lakini hata mbuzi hawajasalimika. Mnyama aliyekaa na kiu apewe maji matamu, kidogo kidogo na mara kwa mara, na daktari aitwe mara moja.

Sasa kuku: hao wapeni maji ya mvua yanayokingwa kwenye paa. Wote thelathini hunywa kama lita 6 hadi 9 kwa siku, na joto kali huweza kuzidisha kiasi hicho mara mbili. Milimita 1 ya mvua juu ya mita 1 ya mraba ya paa ni lita 1. Paa la mita 60 za mraba likipata milimita 20 hukusanya karibu lita 1,200, zikipungua kidogo kwa kumwagika. Hata kuku wakinywa lita 15 kwa siku, hizo ni takriban siku 80. Maji ya mwanzo ya mvua yaacheni yapite, yanasomba chumvi ya upepo wa bahari na kinyesi cha ndege. Mbuzi wenye mimba wachanganyieni maji ya mvua nusu kwa nusu na ya kisima: 3,400 inashuka hadi karibu 1,700.

Nunueni kipimo kidogo cha mkononi kinachopima jinsi maji yanavyopitisha umeme. Alama 1 ya milisimensi kwa sentimita ni kama miligramu 640 kwa lita, kwa hiyo kisima chenu sasa kitasoma 5.3 hivi. Pimeni kila wiki, hasa mwisho wa kiangazi. Kikikaribia 8, wenye mimba wasipewe tena maji ya kisima peke yake.